Mkwaju wa nyumbani: mwongozo kamili wa kuupanda, kuulea na kuutumia Usukumani

Bibi yangu wa Kwimba alikuwa na chungu kimoja ambacho hakikuwahi kupikiwa. Kilikaa darini, kimefunikwa kwa kipande cha ubao, na ndani yake mlikuwa na madonge ya ukwaju meusi kama udongo wa mbuga. Mvua zikishaanza, ghala limebaki vumbi na mahindi ya shambani hayajatoa hata mbelewele, chungu kile ndicho kilichoshushwa. Donge moja, maji, unga kidogo wa mtama, na nyumba nzima ilikunywa uji ikaenda kulima. Mkwaju wenyewe ulikuwa nyuma ya zizi. Hakuna aliyejua nani aliupanda.

Bibi alipofariki haikupita miaka mingi, mti ule ukakatwa na kuchomwa mkaa. Magunia yakauzwa, hela ikaisha mwezi huohuo. Tangu wakati ule naotesha miche ya mikwaju kila mwaka, na haya ninayoyaandika ni yale niliyojifunza kitaluni na shambani, kwa anayeishi Mwanza mjini, Magu, Misungwi, Sengerema, Ukerewe au popote ukanda huu wa ziwa.

Wazee wa Kisukuma wanauita bushishi. Jina la kitaalamu, Tamarindus indica, limetokana na Waarabu waliouita tende ya India, ndiyo maana wengi hudhani ni mti uliokuja na majahazi. Asili yake ni Afrika. Ni mti wetu, na unaweza kuishi miaka 200 na zaidi.

Watu wa mbali nao wana miti ya namna hii. Katika milima ya kisiwa cha Corsica, kule Ufaransa, kwa karne nyingi watu waliishi kwa kokwa za mti uitwao chestinati. Huzikausha kwa moshi, huzisaga, na unga wake husongwa kwa mwiko mpaka ukashikana kama ugali wetu; wao huuita pulenda. Mwaka 1584 watawala wa Genoa waliokuwa wakikimiliki kisiwa kile waliamuru kila mwenye ardhi apande miti minne ya matunda kila mwaka, chestinati ukiwa mmojawapo. Amri ya mtawala siitaki, lakini hesabu ile ya miti minne kwa mwaka naipenda, na nitakuomba uikumbuke tukifika kwenye mashimo.

Kwanza, itazame ardhi yako

Mkwaju unavumilia ukame kwa sababu mzizi wake mkuu unazama chini sana. Mvua ya milimita 500 kwa mwaka unaishi, na Mwanza tunapata karibu mara mbili ya hiyo. Unachochukia ni maji kutuama miguuni. Hapo ndipo elimu ya wazee kuhusu udongo inapofanya kazi kuliko kipimo chochote.

Luseni, ule mchanga wa miinuko karibu na mawe, unaufaa vizuri. Ikungu, udongo mwekundu, unaufaa zaidi. Mbuga, ule mweusi unaopasuka kiangazi na kunata masika, usipande katikati yake. Ukiwa na mbuga peke yake, tafuta kichuguu cha zamani au ukingo ulioinuka. Ibambasi, ardhi ngumu nyeupe ambayo jembe linadunda, achana nayo. Nilipoteza miche kumi na mmoja pale kwa ubishi wangu wa kuamini kwamba shimo kubwa lingetosha. Shimo lilijaa maji mwezi wa nne, likawa kama karai, mizizi ikaoza.

Kwa mjini, kwenye viwanja vya mlimani vilivyojaa mawe, mkwaju unaweza kupenya ufa wa mwamba na kustawi. Ila uupe nafasi: mita 8 hadi 10 kutoka ukutani, mbali na shimo la choo na nyaya za umeme. Mti mzima unaweza kupita mita 20 kwenda juu.

Jambo jingine la kujua mapema: chini ya mkwaju mkubwa mazao hayakui. Kivuli ni kizito na majani yanayodondoka huzuia mimea mingine. Kwa hiyo mahali pake ni mpakani, kando ya zizi, nyuma ya nyumba, au ndani ya ngitili, yaani eneo la malisho linalofungwa mpaka kiangazi. Miaka mitano au sita ya mwanzo bado unaweza kulima karanga, choroko au viazi vitamu kuuzunguka.

Nikitaja ngitili nakumbuka majirani zetu wa Shinyanga. Wakati wa ukoloni vichaka vya Usukumani vilifyekwa ili kufukuza mbung'o, kisha pamba ikafuata, na ardhi ikabaki uchi. Mwaka 1986 ulipoanza mpango wa HASHI, Hifadhi Ardhi Shinyanga, watu walirudia desturi ya kufunga eneo la malisho mpaka kiangazi, na ngitili zikaongezeka hadi zaidi ya hekta 300,000. Miti mingi ilirudi yenyewe kutoka kwenye visiki. Kama una eneo la namna hiyo, kabla hujapanda hata mche mmoja, pita ukague: huenda mikwaju midogo iko tayari inakwanguliwa na mbuzi kila mwaka. Uzungushie miiba, umeokoa miaka miwili ya kazi.

Kuchagua mbegu

Watu wengi huchukua mbegu ya ukwaju walionunua sokoni. Itaota, lakini hujui mama yake. Nenda kwenye mti wenyewe wakati wa kiangazi maganda yakiwa yamekomaa. Tafuta mti unaozaa sana hata mwaka ambao mingine imepumzika (mkwaju una tabia ya kuzaa sana mwaka huu na kidogo mwakani), wenye maganda manene, yenye nyama nyingi kuliko mbegu. Onja. Kuna mikwaju ambayo uchachu wake unakata ulimi na mingine ina utamu ndani yake. Kwa uji mimi napenda ule wa katikati.

Chukua mbegu kutoka miti isiyopungua mitano, hata kama mmoja umeupenda kuliko yote. Hapa narudi kwa chestinati. Marekani nao walikuwa na aina yao, misitu na misitu. Mwaka 1904 ugonjwa wa ukungu ulioletwa na miti kutoka Asia ulionekana kwenye bustani ya wanyama jijini New York, na katika muda wa miaka 50 hivi miti inayokadiriwa kuwa zaidi ya bilioni 3 ilikufa. Miti ile haikuwa na kinga ya asili dhidi ya mgeni yule. Shamba lenye damu za aina nyingi lina nafasi kubwa zaidi ya kubaki na miti inayosimama.

Osha mbegu nyama yote itoke, zianike kivulini siku mbili. Zitupie kwenye maji, zinazoelea uzitupe. Zilizo kavu hukaa miezi mingi bila kuharibika, mradi fukusi hawajaziingia.

Kitalu

Panda mbegu mwezi wa saba au wa nane ili miche iwe tayari kwa mvua za Novemba na Desemba. Itakayochelewa itapandwa mwezi wa tatu.

Loweka mbegu kwenye maji ya kawaida usiku kucha. Zisizovimba asubuhi, zikwangue kidogo upande mmoja kwa jiwe la kunolea au msasa mpaka weupe uonekane, kisha loweka tena. Kazi hii inachosha kidogo lakini inafanya mbegu ziote kwa pamoja.

Kiriba, kile kifuko cha plastiki cha kuoteshea mche, ndicho kitu ambacho sikubali kukipunguzia. Mzizi wa mkwaju unakimbilia chini kuliko shina linavyokwenda juu. Ukitumia kiriba kifupi, mzizi unajikunja mwishoni, na mti utakuja kufa au kudumaa miaka baadaye bila wewe kujua sababu. Tumia kiriba chenye kina cha sentimita 25 hadi 30. Usipopata, pakiti ndefu za unga au chupa kubwa za maji zilizokatwa shingo na kutobolewa chini zinafaa. Jaza makarai matatu ya udongo wa juu, moja la mchanga, moja la samadi iliyooza kabisa. Samadi mbichi inaunguza.

Mbegu moja kila kiriba, kina cha sentimita moja hivi. Mwagilia asubuhi. Zingine zitachomoza baada ya wiki moja, zingine zitachukua mwezi, kwa hiyo usifukue kuangalia. Weka kichanja cha nyasi juu cha kukata jua la mchana. Kila baada ya wiki mbili nyanyua viriba. Mizizi iliyotoka chini ukate kwa wembe, vinginevyo miche itashika ardhini na siku ya kuhamisha utaing'oa roho.

Mche ukifika sentimita 30 au 40, anza kuuzoesha shida: punguza kivuli kidogo kidogo, mwagilia siku moja uruke moja, kwa wiki tatu. Mche uliolelewa kivulini ukitupwa ghafla kwenye jua la Misungwi hunyauka siku hiyohiyo.

Kubebesha, kwa asiyetaka kungoja

Mti wa mbegu huanza kuzaa mwaka wa saba au wa nane, mara nyingine hata zaidi. Uliobebeshwa, yaani mche uliounganishwa na kikonyo (ncha ya tawi iliyokatwa kwenye mti unaozaa), huanza mwaka wa tatu au wa nne, na matunda yake yanafanana na ya mti uliotoa kikonyo. Ushauri wangu: kama una nafasi ya miti minne, bebesha miwili tu. Ile ya mbegu itaishi muda mrefu, na kila mmoja utakuwa na tabia yake.

Shina la kubebeshea liwe na unene wa penseli, maana yake mche wa miezi tisa hadi mwaka. Siku kumi kabla, nenda kwenye mti uliouchagua, tafuta ncha za matawi zenye unene uleule, kata majani yake yote lakini uache vikonyo vya majani; macho yatavimba. Siku yenyewe, asubuhi na mapema, kata ncha ya sentimita 10 hadi 15 na uifunge kwenye kitambaa chenye unyevu.

Kata kichwa cha mche kwenye kimo cha sentimita 15 au 20, upasue katikati kwenda chini sentimita tatu. Chonga mwisho wa kikonyo pande mbili uwe kama kabari, kwa mkato mmoja mmoja wa kisu chenye makali. Ukichonga kwa kuparuaparua, acha hicho, chukua kingine. Chomeka kabari kwenye ufa, hakikisha ganda la kikonyo limekutana na ganda la shina angalau upande mmoja, kwa sababu hapo chini ya ganda ndipo panapoungana. Funga kwa ukanda wa nailoni, kaza. Juu yake visha kifuko kile cha kugandishia barafu, funga chini, weka kivulini. Ndani ya wiki tatu hadi tano macho yakifunguka, toa kifuko wakati wa jioni. Machipukizi yote yatakayotoka chini ya kiungo yavunje.

Mkwaju ni mgumu kubebesha kuliko mwembe. Ukitaka miche miwili, bebesha sita.

Kupanda shambani

Chimba mashimo mwezi mmoja kabla ya mvua, sentimita 60 kila upande na 60 kwenda chini. Udongo wa juu weka upande wake, wa chini upande wake. Miche ya kubebesha iachane mita 8 hadi 10. Ya mbegu uipe mita 12 kama una ardhi. Changanya udongo wa juu na ndoo mbili za samadi, rudisha, uache ushuke.

Mvua ikishalowanisha ardhi kiasi cha mkono, siyo mvua ya kwanza ya kudanganya, chana kiriba kwa wembe upande mmoja na chini, kitoe bila udongo kumwagika. Shingo ya mche iwe sawa na usawa wa ardhi, na kiungo cha kubebesha kibaki juu. Kanyaga taratibu. Tengeneza beseni la kukinga maji kwenye luseni. Kwenye udongo mzito fanya kinyume, inua tuta.

Miti minne kwa mwaka. Hiyo ndiyo hesabu ninayokuomba. Ukipanda mia moja utashindwa kuilinda, na kiangazi kitakuachia vijiti.

Maana adui wa kwanza ni mbuzi. Baada ya mavuno, mifugo ya kijiji kizima huingia mashambani kula mabua, na mche wa mkwaju kwao ni mboga. Uzio mzuri ninaoujua ni matawi ya miiba yaliyopangwa kwa kuzunguka, yakizungukwa tena na minyaa iliyochomekwa. Minyaa huota yenyewe na mnyama haigusi. Ukiikata, linda macho, utomvu wake unaweza kukutia upofu. Adui wa pili ni mchwa: usiweke nyasi kavu zikagusa shina, na nyunyiza majivu kuzunguka shingo ya mche. Wa tatu ni moto. Mwezi wa tano palilia duara la mita moja na nusu likae wazi.

Viangazi viwili vya mwanzo mpe kila mche lita kumi kwa wiki. Mimi huchimbia chupa kubwa iliyotobolewa tundu dogo chini, karibu na mizizi. Maji yanashuka polepole, hayaibiwi na jua. Baada ya hapo mti unajitafutia.

Kupogoa ni kazi ndogo. Acha shina moja mpaka kimo cha kifua, kisha matawi matatu au manne yaliyoachana. Kila mwaka toa yaliyokufa na yanayosuguana.

Kuvuna na kutunza

Ganda lililokomaa hugeuka kahawia, likibonyezwa linapasuka, na ukiligonga linasikika limeachana na nyama. Lisilokomaa bado limeng'ang'ania. Tikisa matawi, okota chini kwenye turubai. Usiyapige kwa mti mrefu: unavunja vichipukizi ambavyo mwakani vingekuwa maua, na ndiyo sababu moja ya miti mingi kutozaa mwaka unaofuata. Mti mzima uliotunzwa unaweza kutoa kilo 150 hadi 200 za maganda kwa mwaka mzuri. Nyama yake ni kama theluthi moja hadi nusu ya uzito huo.

Anika maganda siku tatu au nne juani, menya, vuta zile nyuzi ngumu, toa mbegu. Kazi ya jioni, watu wengi, hadithi nyingi. Kisha anika nyama tena siku mbili kwenye jamvi safi, ifinyange madonge ya ngumi moja, yapange kwenye chungu au ndoo yenye kifuniko, ukinyunyiza chumvi kidogo kati ya tabaka na tabaka. Madonge yatakuwa meusi kadiri miezi inavyopita. Weusi hauna shida. Ukungu mweupe au wa kijani ndio wenye shida, hayo tupa.

Onyo kwa mwenye karanga: kuna fukusi anayezaliana ndani ya maganda ya ukwaju kisha anahamia kwenye karanga na kuzitoboa. Usiweke magunia ya ukwaju ambao haujamenywa chumba kimoja na karanga. Huyu amekula mbegu za msimu mzima za watu wasiojua alikotoka.

Ukipeleka sokoni, uliomenywa na kutolewa mbegu una bei yake, na wa maganda una yake. Wauza juisi mjini wanataka uliomenywa, ulio safi, usio na mchanga. Kwa sababu hiyo jamvi ni muhimu kuliko mzani.

Jikoni

Usiloweke wala kupika ukwaju kwenye sufuria ya aluminiamu. Asidi yake inakula chuma kile na chakula kinapata ladha ya senti. Tumia chungu, bakuli la udongo, sufuria ya chuma kisichoshika kutu au ndoo ya plastiki.

Kwa uji wa watu sita, loweka donge la gramu 100 kwenye nusu lita ya maji vuguvugu nusu saa, likande kwa mkono, chuja. Koroga unga wa mtama au uwele kwenye maji baridi, mimina kwenye lita mbili za maji yanayochemka, pika mpaka uive kabisa, na ndipo utie maji ya ukwaju, uchemke dakika tano tu. Karanga za kusaga zinakubali. Maziwa usitie, yatakatika. Anayeanza kuuzoea ukwaju anywe kikombe kimoja siku ya kwanza, kwa kuwa unalainisha tumbo.

Kwa sato mbichi kutoka mwaloni: mpare magamba, mpake chumvi na maji mazito ya ukwaju, mwache robo saa, shombo inaondoka. Kaanga vitunguu, tia pilipili hoho, nyanya moja tu kwa kuwa uchachu unao tayari, mimina yale maji, laza samaki, funika, moto mdogo, usimgeuzegeuze. Dagaa wakavu nao waoshe maji ya moto, wakaange kidogo, kisha fanya vilevile. Ugali wa muhogo unafaa hapa kuliko wa mahindi.

Mti ni wa nani

Nimeliacha hili mwisho ingawa ndilo lililoumaliza mkwaju wa bibi. Ardhi ikigawanywa, mti wa mpakani hauna mwenyewe, na mti usio na mwenyewe huishia kwenye tanuri la mkaa. Siku unapopanda, waite watoto na jirani wa upande ule. Semeni wazi: kivuli cha wote, matunda ya nani, na nani anaruhusiwa kukata tawi la kutengenezea mtwangio au mpini. Kama mnagawana mashamba kwa maandishi mbele ya mwenyekiti wa kitongoji, mikwaju itajwe mmoja mmoja kwa mahali ilipo. Mikwaju yangu minne ya mwaka huu nimeipa majina ya wajukuu. Kila mmoja ana chupa yake ya maji, na Jumamosi huwa hawasubiri kuitwa.